Jiko Walilosema Si la Kijiji

Mpaka leo nikipita barabara ya Ibra hasira hunipanda. Wanangu huniambia niache, mambo yamekwisha pita. Yamepita kwao. Jiko la mama yangu lilibomolewa, na waliolibomoa walisema wanahifadhi urithi. Urithi wa nani, sijui.

Kijiji chetu ni kidogo: ukipiga chafya mwanzo wake, unaombewa rehema mwisho wake. Nyumba za udongo, msikiti usio na mnara, mfereji wa maji tunaouita falaji, na mitende ya mabsali. Tende hizo haziachwi zikaiva. Hukatwa zikiwa za manjano na ngumu bado, zikachemshwa kwenye masufuria makubwa ya shaba, kisha zikaanikwa juani. Babu yangu aliondoka hapo, akavuka bahari kwenda Unguja akiwa kijana. Mama, aliyezaliwa huko Unguja, ndiye aliyerudi, ikiwa kurudi ni kwenda pahala usipopata kupaona maishani mwako.

Alifika miaka ya sabini, akakuta nyumba ya baba yake imesimama lakini haina jiko la kumkalisha mtu. Akalijenga ubavuni mwa nyumba kwa mikono yake, kwa udongo na magogo ya mitende, mafiga chini na dirisha la kutolea moshi, kama alivyozoea kwao. Msimu wa kwanza wa tende akawaona wenyeji wanayachukua yale maji ya kuchemshia, matamu, mazito, wanawanywesha mbuzi. Mama akashika kichwa. "Khaa! Sukari yote hii?" Akachota ndoo nzima, akayapikia mkate wa kumimina. Wanawake wa kijiji walicheka mpaka wakakaa chini: huyu Mzinjibari anakula chakula cha mbuzi! Wakauonja kwa mzaha tu. Msimu wa pili walikuja na sahani zao.

Kufika miaka ya tisini, tende hazikuchemshwa bila ya mkate ule. Watu wengi walikuwa wamehamia nyumba za saruji kando ya barabara kuu, mama akakataa katakata. Mjini Nizwa, nilikokuwa nikifanya kazi, nilimwekea chumba chake, akalala humo siku mbili akanambia nimrudishe. Jikoni mwake ndimo wenzake waliotoka Unguja walimokutana kila Alhamisi, wakasema Kiswahili chao na kucheka kwa sauti. Kwengine kote katika nchi hii mama yangu alikuwa akicheka kwa adabu.

Ndipo ilipokuja hiyo kamati ya kuhifadhi urithi. Kijiji kitatengenezwa, watalii waje. Msimamizi wao alikuwa kijana mzaliwa wa huku, mama yake mwenyewe katoka Unguja kama sisi, na alijua kuamkia. "Shikamoo, bibi." "Marahaba, mwanangu." Akawauliza wanawake wenyeji mambo ya zamani. Unajua walimwambia nini? Kwamba mkate wa maji ya tende ni chakula cha kale cha kijiji hiki, wameurithi kwa mabibi zao! Mie nimekaa hapo hapo, mdomo wazi. Mama akanifinya paja.

"Waache. Wameupenda, basi."

Kisha kijana akaligeukia jiko. "Jiko hii mpya, bibi. Sisi tunataka kijiji kama zamani, kabla watu hawajarudi kutoka Afrika."

"Na huo mkate ulikuwapo kabla hawajarudi?" nikamuuliza.

Akacheka. "Mkate si jengo, dada."

Wallahi nilitamani kumzaba kibao. Mama yangu, mtu mzima vile, akamwomba kama anayeomba sadaka: "Nyumba itengenezeni mtakavyo. Mie niachieni jiko langu tu." Kijana akamjibu, "Inshallah, bibi." Nami naijua inshallah ya namna ile, ya mtu anayetaka uondoke mlangoni pake.

Nilimchukua mama Nizwa kutibiwa macho. Tuliporudi, pale penye jiko palikuwa pamemwagwa kokoto, pamesawazishwa vizuri, gari za wageni zipate kuegeshwa. Hawakusubiri hata arudi. Mama hakulia. Alizunguka zile kokoto polepole akiulizia mbuzi yake ya kukunia nazi, kama kwamba mtu kaiazima tu atairudisha. Mie ndiye niliyepiga kelele. Nilimtukana mkandarasi, nikaitukana kamati, nikawatukana majirani waliokuwa wakila mkate wa mama yangu miaka yote ile na siku hiyo wakajifungia ndani. Hakutoka hata mmoja.

Siku chache kabla ya ufunguzi yule kijana akarudi, akasimama pale pale kwenye kokoto, kanzu imenyooka, anatabasamu. Mkavu wa macho kupindukia!

"Bibi, wageni wakubwa wanakuja. Tunataka wale chakula cha asili cha kijiji. Wote wanasema hapana anayejua ule mkate ila wewe."

Nikafungua mdomo nimpe zake. Mama akanishika mkono.

"Nitawapikia, mwanangu," akamwambia. "Nitawapikia wote."

Kijana akafurahi, akamshukuru, akamwombea na umri mrefu.

"Amin," mama akasema. "Basi sogea kidogo. Umesimama juu ya mafiga yangu."