Mgiriki wa Sokoni

Jamani, kuna aibu ambazo mtu mwenye akili huondoka nazo duniani kimya kimya, lakini hii yangu imekataa kufichwa, maana hadi leo nikipita stendi ya Babati kuna watu wananiita Mgiriki, kwa hiyo bora niisimulie mwenyewe kabla hamjaisikia kwa Rama, ambaye akiitia chumvi haiwezi kulika tena.

Enzi hizo mkoa wa Manyara ndio kwanza umemegwa kutoka Arusha, Babati imekuwa makao makuu, watumishi wanamiminika na sisi wenyeji tumeanza kutembea kama watu wa mji mkubwa (umeme ulikuwa unakatika kama zamani, ila sasa ulikatika kimakao makuu). Mimi nilikuwa nauza mitumba sokoni, meza yangu ikipakana na duka la Rama. Siku moja nikafungua robota, nikakuta jezi ya kikapu ya bluu yenye maandishi yasiyosomeka, nikaijaribu ikanikaa, na nyie mnajua urefu wangu huu, nguo ya kunikaa si ya kuuza. Nikabaki nayo mwilini.

Akapita bwana mmoja mgeni, mtumishi wa serikali, Bwana Massawe, mwendawazimu wa kikapu. Akaniangalia kuanzia chini, akachelewa kufika juu, akauliza, "Kaka, hiyo jezi ya timu gani?"

Rama akadakia, "Ya Ugiriki hiyo. Huyu alikuwa analipwa kucheza kule, goti tu ndilo lililomrudisha nyumbani."

Rama alikuwa anatania! Nilichotakiwa ni kucheka na kusema huyu muongo, yaishe. Badala yake, jamani, nikalishika goti.

Basi. Mwezi haujaisha Massawe ameshasimamisha magoli mawili ya nguzo za mkaratusi kwenye uwanja wa Bagara, amekusanya vijana, klabu ina jina na nahodha, na nahodha ndiye kocha, na kocha ni mimi ambaye sijawahi kuushika mpira wa kikapu hata kwa bahati mbaya. Nikawafundisha kukimbia. Kila jioni mbio, mbio hadi kijiji cha Singe na kurudi, mimi nimekaa kwenye tofali nikisugua goti, na mtu akiniomba nimwonyeshe kutupa namwambia, "Kwanza pumzi, mdogo wangu, Ulaya wanaanza na pumzi." Wakaniheshimu kupita kiasi.

Ningeweza kujitoa, lakini kulikuwa na Paulina. Nilikuwa nimeshapeleka posa kwa baba yake, mkulima wa Sigino, mzee wa maneno machache, naye hajanijibu. Nikajidanganya kwamba akisikia sifa zangu atalainika, maana muuza mitumba ni nani bwana, muuza nguo za kafa ulaya tu.

Siku ya uzinduzi uwanja ukajaa, wengine wamekaa kwenye matofali, wengine juu ya ukuta. Baba Paulina alikuwepo, amevaa koti lake la kanisani, Paulina pembeni yake. Tulipanga tujigawe timu mbili, na tulikuwa na mpira mmoja tu, aliouleta Massawe kutoka Moshi. Mara Massawe akaja ananivuta mkono, uso unang'aa, "Nimekuletea mtu wa kwenu!"

Alikuwa mzee wa Kigiriki mwenye shamba upande wa Arusha, watu wakimwita Mzee Kosta. Alipoiona jezi yangu akasimama, akavua kofia, machozi yakamtoka, akanishika mabega na kumwaga Kigiriki mfululizo. Nikasema, "Shikamoo mzee."

"Marahaba," akajibu, Kiswahili kimenyooka kuliko changu, kisha akaomba kipaza sauti.

Akawaambia watu kwamba jezi ile ni ya kisiwa alichozaliwa, kisiwa kidogo chenye mbuzi wengi kuliko watu. Mwenye hoteli mmoja aliota kuwa na timu ya kulipwa, akaajiri wachezaji, wakapanda hadi ligi kubwa, na timu za miji mikubwa zikawa zinakuja kwa meli, wachezaji wametapika njia nzima, wanafungwa. Halafu fedha zikamwishia yule bwana. Kabla watoto hawajamaliza kukariri majina ya wachezaji, klabu ikavunjwa, wachezaji wakapanda meli na mabegi yao, na kisiwa kizima kikasimama gatini kinalia. "Sikujua," akasema, sauti inakatika, "kumbe Mtanzania mmoja alikuwa kati yao."

Uwanja ukalipuka. Mzee Kosta akanikabidhi mpira. "Mwanangu, tupa mara moja tu, nione."

Nikatupa. Nadhani nilifumba macho. Mpira ulipita juu ya goli, juu ya watu, juu ya ukuta, ukadunda barabarani na kutua kwenye lori la vitunguu lililokuwa linakwenda Singida, na dereva, Mungu amsamehe, akaongeza mwendo. Vijana wangu wakalikimbiza (pumzi walikuwa nayo), wakarudi mikono mitupu.

Mzee Kosta akashusha pumzi. "Yetu ilikufa kwa kukosa fedha," akasema, kipaza sauti bado mkononi. "Yenu imekufa kwa vitunguu."

Watu walicheka hadi wa ukutani wakadondoka. Nikachukua kipaza sauti nikasema yote, goti ni zima, Ugiriki naijua kwenye ramani tu, jezi ni ya robota. Massawe akaketi chini, akajiinamia. Nikaivua jezi nikampa yule mzee, akaikunja taratibu na kuiweka kifuani, nami nikabaki na singlendi yenye matundu mbele ya makao makuu ya mkoa mzima.

Nikajua na Paulina nimeshampoteza. Baba yake akanijia polepole, mimi naangalia viatu vyake.

"Kumbe wewe huchezi?"

"Sichezi, baba."

"Wala huko Ulaya hurudi?"

"Sijawahi kufika, baba."

Akafunga vifungo vya koti. "Mimi moyoni nilikuwa nimeshaikataa posa yako. Mtu wa kulipwa huko ng'ambo angemchukua mwanangu nisimwone tena. Muuza nguo je? Nitakukuta sokoni kila gulio. Leteni wazee wenu."

Klabu haikufufuka, Massawe alihamishwa, na mimi niliapa sitakubali tena sifa isiyo yangu, hata kwa kunyamaza. Mtu akipita nyumbani akisema, "Bwana, mahindi yako mwaka huu yamekubali," namkatiza palepale: yamelimwa na Paulina, mimi nilishika mwavuli.