Mama Mkwe Ndani ya Lifti

Alfajiri, kabla muuza tofu, ile jibini ya soya, hajapuliza baragumu lake uchochoroni, Tomie alishachota maji, alishapika wali, na alishajiapiza: leo atakosa adabu mpaka watu washike midomo.

Sababu anayo. Jana mshenga, Bi Otsune, alileta habari za mgane mmoja wa mtaa wa Senju, mwokaji wa biskuti za mchele, miaka arobaini na mmoja, watoto watatu. Mama yake angekuja leo kwenye duka kubwa la ghorofa alikoajiriwa Tomie, kumtazama kwa siri, amwone kabla hajajipamba. Siri gani! Baba alipata sake kidogo tu, ile pombe ya mchele, akaitoboa siri yote.

"Atakuwa na mwavuli wa zambarau. Usiniaibishe, mwanangu."

"Na kazi yangu je, baba?"

"Kazi? Uliona wapi mke wa mtu anaendesha lifti?"

Basi ndiyo hivyo. Tramu ya asubuhi, sare ya buluu, glavu nyeupe, mshahara wake mwenyewe, vyote viishe kwa ajili ya biskuti! Tomie hakutaka. Hakutaka hata kidogo.

Kutwa alipanda na kushuka, ghorofa saba, ndani ya sanduku lisilo na dirisha. Saa tisa mlango ukafunguka, na mwavuli wa zambarau huo hapo! Maneno alikuwa ameyapanga: Ingia upesi, bibi, unatuchelewesha.

Bibi akanyanyua mguu. Mgongo wa Tomie ukainama wenyewe, mkono ukakinga mlango, sauti ikatoka laini: "Karibu sana, bibi. Tazama unapokanyaga. Tunapanda."

Loo! Akauma ulimi, akajaribu tena ghorofa ya tatu, yakatoka yaleyale ya adabu: "Vitambaa na vyombo, bibi." Miezi mitatu msimamizi aliwafundisha wasichana wa lifti mbele ya kioo, sasa mafunzo yamemganda mwilini kama homa ya vipindi. Yule bibi alipanda na kushuka mara nne, na mara zote nne Tomie akainama. Machozi yalimlengalenga.

Jioni alimkuta Bi Otsune amekaa na baba, meno yote nje.

"Hongera, binti! Mama mtu kasema hajaona mpole kama wewe. Harusi mwezi ujao!"

"Sikuwa mpole!" Tomie alipiga kelele. "Nilikuwa kazini!"

"Ehee!" Bi Otsune akacheka, akijipiga paja. "Na Senju utakuwa kazini vilevile, mwanangu, ila huko hakuna siku ya mapumziko."

Baba naye akacheka, akasukuma kikombe chake mbele ya Tomie amiminiwe chai.