Nakala Kumi na Mbili za Dada Elvie

Mchungaji ameniomba niandike ukurasa mmoja kuhusu maisha ya dada yangu kwa jarida la usharika. Akaongeza, kwa ule upole wake, "Ile habari ya bungeni unaweza kuiacha." Nimejaribu kuiacha. Lakini siku ya mazishi, watu wakinipa mkono mlangoni mwa kanisa, nilisikia mtu nyuma yangu akinong'ona: "Si ndiye yule aliyetoa siri za upinzani?" Kwa hiyo naandika yote.

Elvira Noske, Elvie kwetu sote, alizaliwa hapa Tanunda, mtoto wa kwanza wa fundi wa mapipa ya mvinyo. Alipomaliza shule hakuna aliyemshinda kupiga chapa. Kwa miaka kumi na minne alipanda basi la alfajiri kwenda Adelaide, mji mkuu wa jimbo letu, kwenye bunge la jimbo, akiwa katibu wa baraza kivuli la mawaziri. Chama chetu kilikuwa kimekaa nje ya serikali muda mrefu. Kila waziri wa serikali alikuwa na mtu upande wetu wa kumfuata nyayo na kumuuliza maswali: waziri kivuli wa afya, wa kilimo, wa maji. Walikuwa kumi na wawili, Kiongozi na naibu wake wakiwemo, na kila Jumatatu walikutana ghorofa ya pili, mlango umefungwa. Wa kumi na tatu chumbani alikuwa Elvie na daftari lake.

Mawaziri wa kweli wana wizara nzima nyuma yao. Hawa wa kivuli walikuwa na Elvie. Alipiga chapa, aligawa, na kikao kikiisha alikusanya nakala zote na kuzitia kwenye mashine ya kukatakata karatasi. Nyumbani hakutuambia neno. Baba akimchokoza mezani, eti nani anamchukia nani huko, alijibu, "Baba, nisogezee matango."

Mwaka ule wa ukame siri zikaanza kuvuja. Jumanne tatu mfululizo, gazeti la asubuhi liliandika mambo yaliyosemwa Jumatatu ndani ya chumba kile. Elvie akiingia na chai, mazungumzo yanakatika. Mzee Merv Loechel, waziri kivuli wa kilimo, mkulima wa ngano asiyejua kunong'ona, akamtania mbele ya wote:

"Elvie mama, hilo daftari lako haliendi kunywa bia na waandishi?"

"Likienda, Mheshimiwa, litakukuta wewe huko," alijibu dada.

Wakacheka, lakini hakuna aliyemtazama usoni.

Ndipo naibu kiongozi, Bi. Valda Trestrail, akamwita pembeni. Kulikuwa na waraka juu ya hospitali mpya ya kwanza ambayo chama kingejenga kikishinda uchaguzi. Akamwagiza apige nakala kumi na mbili, na katika kila moja ataje mji tofauti. Aweke orodha ya nani kapewa mji gani, asimwonyeshe mtu, hata yeye Valda. Bahasha zitolewe Ijumaa, kila mtu akasome kwake.

"Na Kiongozi?" Elvie aliuliza.

"Nimesema kila mtu, mpenzi."

Elvie alichukua maneno kama yalivyosemwa. Akapiga kumi na mbili, na nakala namba moja, ya Kiongozi wa Upinzani, Bwana Garth Pederick, akaitia mji wa Lameroo.

Jumatatu asubuhi gazeti lilikuwa na kichwa kikubwa: upinzani kujenga hospitali Lameroo.

Kabla ya kikao Bi. Trestrail alimfuata kwenye chumba cha chai, akafunga mlango. "Lameroo ni ya nani?"

"Nitasoma orodha yote mbele ya wote, Mheshimiwa."

"Elvie, usiwe mtoto. Nipe mimi peke yangu. Kazi yako iko salama, na hakuna atakayekushuku tena."

Hapo, dada aliniambia, ndipo alipoingiwa na shaka. Alikumbuka kwamba Ijumaa huyu mama aliingia ofisini kwake kuomba stempu, na nakala namba moja ilikuwa mezani, imelala wazi. Je, aliisoma? Bwana Pederick ndiye aliyepiga simu gazetini? Au kuna mtu aliyetaka ionekane kwamba ni yeye? Elvie hakujua. Tangu darasa la kipaimara tulifundishwa kutomsingizia jirani, na kuyachukua mambo yake kwa upande ulio mwema. Aliona kwamba akimpa mmoja ile orodha sirini, atakuwa amemhukumu mwingine asiyekuwepo.

Akaingia kikaoni. Walikuwa tayari wanapigiana kelele.

"Yangu imeandikwa Kimba!" Mzee Merv alikuwa amesimama. "Nimewaambia watu wa Kimba, kwenye mnada wa kondoo!"

"Kimba gani? Yangu Burra."

"Nyie mnasoma nini? Ni Orroroo!"

Bi. Trestrail akaeleza mtego. Bwana Pederick akasema, bila haraka, kwamba nakala yake aliichoma Ijumaa ileile kwa usalama, wala hakumbuki mji. Basi ikabaki orodha. Elvie akasimama, akasoma majina yote kumi na mawili, kuanzia namba kumi na mbili kurudi nyuma, kwa sauti ileile aliyosomea kumbukumbu za kikao. Alipofika namba moja akasoma, "Bwana Pederick, Lameroo." Halafu akaongeza, kwa kuwa ni kweli, kwamba nakala hiyo ilikaa wazi mezani Bi. Trestrail alipokuja kuomba stempu.

Kisha Bwana Pederick akatabasamu.

"Asante, Elvie. Lakini hebu tuelewane, ndugu zangu. Mimi nilijua mji mmoja. Valda, labda, mmoja au miwili. Ni nani aliyeijua yote kumi na miwili, na aliyeweza kumchagua yeyote amtakaye abebe lawama?"

Vichwa vyote vikamgeukia dada yangu. Bi. Trestrail angeweza kusema neno, akabaki anapekua mkoba wake. Kabla ya saa sita Elvie alikuwa ameambiwa arudishe funguo.

Kesho yake gazeti liliandika kwamba mvujishaji amepatikana, mtumishi wa ofisi. Siri hazikuvuja tena hadi uchaguzi. Wengi hapa mjini waliona huo ni ushahidi. Mimi naona kwamba yeyote aliyekuwa anavujisha angekuwa mjinga kuendelea, akishapata mtu wa kubeba mzigo wake. Nani hasa, hadi leo sijui, na sitaandika jina kwa kukisia.

Lakini kuna jambo ninalolijua.

Jumatatu ile alirudi na basi la mchana. Nilikuwa jikoni nachanganya siagi, sukari na unga kwa chenga za kunyunyiza juu ya keki. Alikaa na koti lake mwilini, akanieleza yote kama nilivyoyaeleza hapa. Kisha akaniuliza, "Mdogo wangu, wewe unaamini ni mimi?"

Majuma mawili kabla ya hapo nilikuwa nimemwona akishuka mbele ya duka la mikate kutoka kwenye gari la mwandishi mmoja wa lile gazeti. Jioni alisema mezani kwamba basi lilimwacha, na bwana aliyempa lifti alikuwa anakuja huku kuonja mvinyo; sikumwambia kwamba nimewaona. Nilimwamini wakati ule. Lakini alipouliza, lile gari ndilo lililonijia, nami nikasita. Haikuwa muda mrefu, labda wa kufuta mikono kwenye aproni. Halafu nikasema, "Hapana, Dada. Bila shaka hapana."

Akaniangalia. Akasema, "Haya," akatundika koti lake.

Hakuuliza tena. Alifanya kazi miaka kumi na tisa katika ofisi ya shule ya kanisa letu, akapamba madhabahu, akawauguza Baba na Mama hadi mwisho. Tuliishi nyumba moja na kukaa kiti kimoja kanisani. Kila nilipojiandikisha kwa mchungaji kwa ajili ya Meza ya Bwana niliungama kule kusita kwangu mbele ya Mungu, nikatoka nje, nikamkuta ananingoja kwenye ngazi, nisimwambie.

Ndugu wa usharika, mlionong'ona mlangoni siwalaumu, maana nilikuwa wa kwanza. Dada Elvie hakutoa siri ya mtu. Mara ya mwisho alipoweza kuongea, hospitalini, nilianza kumwambia habari ya lile gari na ya kule kusita kwangu. Akanishika mkono, akasema, "Najua. Nilikuona umesimama pale kwenye duka la mikate."