Sare ya Hatua ya Thelathini na Nne

Shuka la kitanda kikubwa halikunjwi na mtu mmoja. Kwa miaka kumi na minne mimi nilishika pembe mbili na Bi Mvuke akashika mbili, katika chumba cha dobi cha hoteli, chini kabisa ya jengo, mahali pasipo dirisha. Jina hilo tulimpa sisi wenzake. Alikuwa amekaa dobi muda mrefu kuliko mashine zenyewe, na alikuwa mtu wa kuchemkia ndani.

Mwanzoni sikujua kama ana habari na sataranji. Niliona tu kwamba saa ya mapumziko hukaa juu ya kapu lililopinduliwa, mkate mkono mmoja na simu mkono wa pili, akitazama picha ya ubao wenye kete. Siku moja nikamuuliza anacheza na nani. Akasema hachezi, anamwangalia mdogo wake.

"Yuko wapi sasa?"

"Kazini. Huyu hapa, mwenye kete nyeusi. Na hapa amekosea."

Mdogo wake alikuwa gwiji, na simaanishi kwa kusifiwa. Cheo hicho kina masharti yake. Mchezaji lazima afikie kiwango fulani katika mashindano matatu makubwa, mbele ya wapinzani wenye majina, na pointi zake ziwe zimepanda hadi pale panapotakiwa. Mdogo mtu alivitimiza vyote akiwa na miaka ishirini na sita, katika mji wenye theluji, na magazeti ya kwetu yakaweka picha yake ukurasa wa kwanza. Miaka iliyofuata alishinda mashindano mawili ya nje na kushika nafasi ya pili katika yale ya bara zima. Aliwahi kumtoa jasho bingwa mmoja kwa saa sita, akamshinda akiwa amebakiwa na mfalme na askari mmoja tu. Bi Mvuke aliijua michezo hiyo yote kwa moyo, hatua kwa hatua. Tukikunja mashuka alinisimulia, nami nikaitikia kama mtu anayesimuliwa habari za harusi ya watu asiowajua.

Ilinichukua muda kuelewa kwamba kati ya wale dada wawili, aliyekuwa hodari zaidi ni huyu wa dobi.

Walifundishwa na baba yao, karani wa posta, kwa kete zilizopungua ngome moja, mahali pake pakawekwa kipande cha mshumaa. Baba alipofariki waliendelea wenyewe. Dada alimshinda mdogo michezo saba katika kila kumi. Kisha yakaja mashindano ya taifa ambayo mshindi wake angepelekwa nje kwa mafunzo ya miaka mitatu. Raundi ya mwisho wakapangwa wao kwa wao. Mdogo alikuwa mbele kwa nusu pointi, sare ingemtosha. Dada alihitaji kushinda.

Asubuhi ya siku ile mama yao, ambaye macho yake yalikuwa yameanza kufifia, alikuwa anafungwa kitambaa cha kichwa na binti yake mkubwa. Akasema kwamba akienda mmoja, mwingine atabaki naye. Kisha akaongeza, "Mdogo wako kuuguza mtu hawezi. Unamjua."

Hatua ya thelathini na nne Bi Mvuke akaiona njia. Angemtoa farasi wake aliwe, na hatua nne baadaye mfalme wa mdogo wake angekosa pa kukimbilia. Aliihesabu mara mbili. Mdogo mtu alikuwa amecheza hatua yake, akaomba sare, na saa ilikuwa inahesabu upande wa dada. Bi Mvuke akanyoosha mkono, wakapeana.

Mdogo akaenda. Dada akaingia dobi, kwa sababu zamu za dobi zilimruhusu kuwahi nyumbani kumtilia mama dawa ya macho. Alimhudumia miaka kumi na tisa. Mwanamume mmoja alimposa, akasubiri, mwisho akachoka kusubiri.

Kisa cha sare ile alinieleza siku moja tu, siku ya redio. Tulikuwa tunapiga pasi vitambaa vya meza, redio ya msimamizi ikiwa juu ya kabati la sabuni. Mtangazaji alikuwa anamhoji gwiji, akamuuliza nani alimfundisha. Sauti ikajibu kwamba baba alimwonyesha kete zinavyotembea, mengine alijifunza peke yake vitabuni, kwa kuwa nyumbani hapakuwa na mtu wa kucheza naye.

Niliinuka na kuzima redio, ila nilichelewa. Pasi ya Bi Mvuke ilikuwa imetulia juu ya kitambaa mpaka moshi ukatoka. Msimamizi akaja akanusa, akauliza kama leo tunapika. Bi Mvuke akamwambia waya wa pasi una hitilafu. Ndiyo mara pekee niliyomsikia akisema uongo.

Mama yao alipofariki, gwiji alikuja siku tatu akarudi. Baada ya hapo mambo yake yakaanza kwenda mrama. Vijana wenye kompyuta walimsoma kama gazeti. Katika mashindano manane mfululizo alikuwa akivuta mkia, pointi zikaporomoka, mialiko ikakatika. Mwaka aliotimiza arobaini na tatu alirudi nyumbani na masanduku yake yote. Wiki ya pili akashuka ngazi za dobi akiwa amekonda, ubao mdogo kwapani, amevaa koti zito lisilofaa joto la chumba kile.

Alikuwa amebakiza mwaliko mmoja. Alitaka dada yake amsaidie kujiandaa.

Kwa wiki tano walikaa kwenye meza ya kukunjia, kila siku saa sita hadi saa saba, nami pembeni nikila. Bi Mvuke hakuwa na maneno mengi. Alisogeza kete, akazirudisha, akasogeza tena. Wiki ya nne alimwambia mdogo wake kwamba ule mtindo wa kuanza mchezo alioutumia miaka ishirini una tundu. Gwiji akawaka. Akasema magwiji wenzake hawajaliona, sembuse mtu wa dobi. Bi Mvuke akamwonyesha. Gwiji akautazama ubao muda mrefu, kisha akauliza kitu kingine kabisa.

"Dada, siku ile ya mwisho. Ulimwona farasi?"

"Nilimwona."

"Hata mimi nilimwona. Ndiyo maana nikaomba sare haraka."

Bi Mvuke alikuwa ameshika kete. Akaiweka chini taratibu. "Kwa hiyo ulijua."

"Nilijua. Kila mashindano nilikaa kama mtu aliyekalia kiti cha mwingine, na mwenye kiti yuko pale ananiangalia."

"Na redioni?"

Gwiji akainama. "Niliogopa wangeuliza uko wapi."

Nilitamani kuondoka, lakini mlango ulikuwa nyuma yao. Bi Mvuke alisimama, akafunga aproni yake, akaniambia, "Shika pembe." Tulikunja mashuka sitini. Mikono yake ilivuta kwa nguvu mpaka mara mbili shuka likanitoka. Tulipomaliza, meza ilikuwa tupu na mdogo mtu hayupo. Wiki ya tano haikumalizika.

Gwiji akaenda kwenye mashindano yale, akashika nafasi ya sita kati ya wachezaji kumi. Mchezo mmoja alishinda kwa kutumia kile alichoonyeshwa mezani kwetu, na ulipata zawadi ya mchezo bora. Waandishi walipomuuliza, aliwaambia wazi kwamba wazo lilikuwa la dada yake mkubwa, na kwamba dada huyo ndiye aliyestahili kupelekwa nje.

Wakaja na kamera hadi dobi. Msimamizi, ambaye kwa miaka yote alimwita "wewe wa pasi", akabandika gazeti ukutani na kuanza kumwita mheshimiwa. Wageni wa ghorofani walitaka kupiga naye picha. Bi Mvuke alilibandua gazeti lile akafunikia kapu. Nilidhani atafurahi. Aliniambia ameambiwa mbele ya watu wote jambo alilotaka kuambiwa jikoni kwao, miaka ishirini iliyopita, mama akiwa hai na akisikia.

Mwaka uliofuata, akiwa na miaka arobaini na tisa, alijiandikisha katika mashindano ya wazi kwenye ukumbi wa walimu. Niliomba ruhusa nikaenda kumtazama. Mchezo wa kwanza alifungwa kwa hatua kumi na tisa na daktari wa meno. Wa pili akafungwa. Wa tatu alishinda. Alimaliza wa thelathini na moja kati ya watu arobaini. Kile alichokuwa nacho ujanani, kile cha kuona hatua nne mbele ndani ya pumzi moja, hakikuwepo. Alilijua hilo kabla yangu. Njiani tukirudi alisema tu kwamba anasikia miguu imevimba.

Mdogo wake sasa anaishi katika chumba kilichokuwa cha mama, anafundisha sataranji shule mbili. Wanapika pamoja, wanazozana kuhusu chumvi na kuhusu nani hakufunga bomba. Jumapili moja gwiji aliweka ubao mezani akaomba wacheze. Bi Mvuke alimwambia bado, akaendelea kuchambua mboga.

Mimi nimeshaacha kazi, goti langu limegoma. Nasikia Bi Mvuke amepewa msichana mwingine wa kushika pembe, na kwamba yeye mwenyewe ameandika barua ya kuomba siku nne za likizo mwezi wa nane, kwa ajili ya mashindano mengine.