Mchele wa Watu wa Mlimani

Baba alikuwa muuza duka wa Unguja, na muuza duka wa Unguja hapimi akaishia hapo. Akishapima hutia mkono guniani, akakuongezea konzi moja juu. Hiyo ndiyo nyongeza. Usipoitia, mteja huondoka kanuna.

Tuliporudi Oman tukakaa Ibra, akapewa rukhsa ya duka la serikali, la mchele na unga wa bei nafuu kwa wenye kadi. Na nyongeza yake akaja nayo. Majirani walimpenda, wakimsifu mpaka sokoni, na mimi, msichana wa ndoto nyingi na madarasa machache, nikaona kwa sifa zile hata posa yangu itatoka kwa mtu mwenye gari.

Wakaguzi walipokuja, wakakuta magunia yanakwisha kabla wenye kadi wote hawajapata. Rukhsa ikasimamishwa, mlango ukatiwa lakiri, na baba akaitwa kwa kadhi. Tuhuma: anauza mchele pembeni.

Duka lilipakana na chumba chetu. Adhuhuri, mji umelala kwa joto, tukisikia mchele unamiminika kule ndani, nyuma ya lakiri. Kidogo, unanyamaza. Kidogo tena.

"Panya hao," mama akasema.

"Panya hawapimi," baba akajibu, akageukia ukuta.

Tangu hapo sikulala adhuhuri.

Kwa kadhi nilikwenda naye, maana Kiarabu cha baba kilikuwa cha msikitini, cha watu wa Ibra kikimpiga chenga. Nikawa mkalimani.

"Muulize, ataapa kwamba hakuuza hata punje pembeni?"

Baba akaapa, sauti imesimama.

"Na ataapa kwamba hakumpa mtu zaidi ya haki yake?"

Nilipomfasiria, baba akanitazama kama niliyeuliza ni mimi. "Mwambie hiyo siwezi. Mwambie ni mkono tu, nyongeza, desturi ya kwetu. Sikuchukua kitu mimi, nilikuwa nikitoa."

Kadhi hakubisha. Akamwita mzee aliyekaa karibu na mlango, mtu wa Dima wa Tayyin, ndiye aliyeshitaki. Watu wa kule milimani hufika dukani mwisho, njia yao ni mbovu. Alishika mfuko mtupu, umekunjwa vizuri kama nguo ya kuswalia.

"Mara tatu nimerudi nao hivi," akasema, bila ukali. "Nina wajukuu mayatima."

Kufasiri yale kulinishinda, machozi yakanitangulia. Lakini baba alikuwa keshaelewa. Akautazama mkono wake wa kulia, kisha akauficha ndani ya kanzu.

Kadhi akasema: mwizi si mwizi, ila alitoa sadaka kwa mali ya watu. Rukhsa itarudi mzee huyu akisamehe.

"Mimi nimemsamehe," mzee akasema. "Walioko nyumbani akawaulize mwenyewe."

Tukapanda pikapu kwenda huko. Njia nzima nilijaribu kumchekesha baba, nikamwambia huenda mchumba wangu yuko huku na gari lake ni punda. Hakucheka.

Nyumba ilikuwa ya mawe na udongo. Watoto watatu wembamba walitutazama. Bibi yao alitupa kahawa na tende, kisha akaleta sinia la wali. Sijui waliupata wapi. Baba aliinama, hakugusa.

"Mwambie ale," bibi akaniambia. "Mgeni asipokula kwangu ndiyo amenidhulumu kweli."

Baba akala. Kila tonge akilimeza kama dawa, na watoto wakimtazama mkono.

Rukhsa ikarudi. Siku ile ile akafungua, akapima kwa mizani, na sindano ikisimama, basi. Majirani wale wale wakamwita mkono wa birika.

"Umekuwaje, yakhe, umeoa mizani?" mmoja akamkejeli.

"Afadhali niioe," baba akasema. "Yeye haongezi."

Na gunia likifunguliwa, kwanza alikuwa akipima mchele wa watu wa mlimani, akaifunga mifuko yao, akaipanga nyuma ya duka. Mvua ikinyesha wadi, lile bonde la maji njiani kwao, hujaa, wao hawashuki. Siku kama hizo hakukubali kufunga. Alikaa gizani pamoja na ile mifuko, nami nikimpelekea chai nilipiga hodi kwanza, kana kwamba ana wageni.