Pizza Yenye Pumba

Niapieni kwanza kwamba haya hayatafika mtaani kwetu Mwembesongo, maana mwenyewe kanisihi nisimwambie mtu. Mmeapa? Basi sogeeni.

Jumapili jirani yangu alialikwa kwa mwanawe aliyeoa juzijuzi, nami nikamsindikiza. Mkwewe alikanda unga wa ngano isiyokobolewa, akauacha uumuke, akaoka pizza kwenye sufuria, makaa chini na mengine juu ya mfuniko. Binti alitaka kitu kimoja tu: mama mkwe ale na kumsifu mbele ya mawifi.

Jirani akaibonyeza kwa kidole. "Mwanangu, hii si ina pumba? Kwetu Kinole pumba tunawapa kuku."

"Onja kidogo tu, mama."

"Kwani mimi nimeota manyoya?"

Mawifi wakaangua kicheko. Binti akairudisha pizza jikoni, machozi yakimlengalenga. Nikawaza, kumbe ukikitukana chakula, anayeumia ni mpishi.

Baadaye jirani akaenda jikoni, eti kunywa maji. Akakawia. Mwanawe akarudi kutoka sokoni, akapitia mlango wa jikoni.

"Shikamoo, mama."

Kimya.

"Mama, shikamoo!"

Kwetu mtu mzima asipoitikia shikamoo, ama amekasirika ama ameanguka. Tukakimbilia huko sote. Tukamkuta amesimama wima, mashavu yamefura, kipande kingine mkononi, chembe zimejaa kifuani kwenye kanga.

Binti akapiga goti taratibu. "Shikamoo, mama."

Tukasubiri wote amalize kutafuna.