Mzee Mwangi na Mbuzi wa Kiamaiko

Siku yangu ya kwanza kazini, katika ofisi ya kutengeneza filamu, miaka ya sabini, sikushika kamera. Mpigapicha Mkuu, bwana mfupi asiyecheka ovyo, alinipa mfuko mweusi wenye mikono, akaniambia niingize mikono humo nipakie filamu bila kuona, isije ikaharibiwa na mwanga. Nilifanya hivyo wiki nzima mpaka vidole vikajua kazi. "Wafula," alinionya, "filamu ikishapigwa, funga mkebe utepe mwekundu papo hapo, ijulikane imetumika isipakiwe tena. Usiniambie utakumbuka."

Nyinyi wa siku hizi mnapiga, mnatazama, mnafuta. Sisi tulipiga tukangoja. Filamu ilipelekwa ng'ambo kusafishwa, na wiki zilikatika kabla hujajua kama ulifanya kazi au ulicheza.

Miaka ya themanini niliacha ofisi nitayarishe filamu zangu mwenyewe. Kiburi tu, kusema kweli. Ya kwanza ilihusu ngozi na akala, vile viatu vya matairi. Nilianza na jirani yangu wa mtaa wa Makadara, Mzee Mwangi, fundi wa akala pale soko la Kariokor. Nilimpiga picha akikata tairi, mvua ikaja, nikakusanya vyombo mbio. Utepe? Nitafunga nyumbani. Wapi! Kesho yake, nikidhani ni filamu mpya, nilipakia mkebe uleule nikaenda Kiamaiko kupiga soko la mbuzi.

Kabla filamu haijarudi, Mzee Mwangi akafariki. Kipande chake, kile kitambulisho chenye picha, kikarudishwa kwa chifu, na hakuwa na picha nyingine duniani. Mkewe, Mama Wanjiru, akaja kwangu. "Baba Nekesa, ile picha uliyompiga ndiyo tunangojea."

Filamu ilipofika niliitazama peke yangu. Ala! Mbuzi tele, na chini yao mzee wa watu, kichwa chini miguu juu. Nilikuwa nimepiga mara mbili juu ya filamu moja, mara ya pili ikianzia mwisho wake. Nilikaa kitako sakafuni. Nilitamani kumdanganya kwamba imepotea njiani, lakini nilikwenda nikamwambia yote.

"Yuko au hayuko?" akauliza.

"Yuko, mama, lakini mbuzi wamempanda."

"Basi niwekee."

Niliupitisha mkanda kwenye projekta kuanzia mwisho, ili walau mzee asimame wima. Mbuzi wakawa wao miguu juu, wakitembea kinyumenyume. Mama Wanjiru alicheka mpaka machozi, kisha yakawa machozi tu. Mkanda ulipoisha niliwasha taa nikaanza kuomba msamaha.

"Nani amekwambia uwashe taa?" akasema. "Weka tena."

Sasa nimestaafu. Vijana huniuliza funzo. Nawaambia fungeni utepe, acheni uzembe. Filamu zangu zilizosifiwa sijui ziko ghala gani. Hii mbovu iko kwa Mama Wanjiru, na kila mwaka wakimkumbuka mzee huniita niende na projekta. Naona haya kila mara. Lakini naenda, na wajukuu wasiowahi kumwona wananionyesha kwa kidole: "Babu ni huyo, hapo katikati ya mbuzi."